Sitini au tisini: kelele inavyokula maneno na kutugombanisha

Elfu sitini na elfu tisini. Ziandike kwenye karatasi, tofauti ni shilingi elfu thelathini na hakuna atakayezichanganya. Zitamke pale Uyole, jijini Mbeya, kando ya lori linalonguruma huku magunia ya viazi yakipakiwa na kondakta akigonga bodi la basi, na maneno hayo mawili yanageuka kuwa neno moja. Irabu zake ni zilezile: i, i, i. Konsonanti nazo ni zilezile, ila S na T zimebadilishana viti. Mngurumo ukishazila hizo mbili, kinachobaki ni "i-i-ni", na kila sikio linajaza pengo kwa namna linavyotaka. La muuzaji linasikia tisini, la mnunuzi linasikia sitini. Lumbesa likishafungwa na kupakiwa, kila mmoja anamwona mwenzake tapeli.

Ugomvi wa aina hii tumezoea kuueleza kwa tabia za watu. Madalali wa viazi ni wajanja, wapiga debe hawana adabu, mafundi wa mashine wana hasira za karibu. Huenda. Lakini kuna hatua inayorukwa. Kelele hula maneno kwanza; msemaji anabadilisha sauti yake ili kuziba pengo; na sauti iliyobadilika hivyo inafanana mno na sauti ya mtu aliyekasirika, kiasi kwamba msikilizaji anaijibu hasira ambayo haikuwepo. Baada ya hapo inakuwepo kweli.

Tuanze na kuliwa kwa maneno. Mtu anayeongea kawaida, ukiwa mita 1 mbele yake, sauti yake inafika kwako kwa desibeli 60 hivi (desibeli ni kipimo cha ukubwa wa sauti). Nguvu nyingi ya sauti hiyo imo kwenye irabu, na irabu ni nzito: sehemu kubwa ya nguvu yake iko chini ya mitetemo 1,000 kwa sekunde. Konsonanti za pumzi kama S, F, SH na CH ni nyembamba na dhaifu. Nguvu ya S iko zaidi kwenye mitetemo 4,000 na kuendelea. Irabu ndizo zinazofanya sauti yako isikike, konsonanti ndizo zinazofanya ieleweke. Injini ya dizeli ina mngurumo mzito, na sauti nzito ikizidi nguvu ina tabia mbaya ya kufunika hata zile nyembamba zilizo juu yake, wakati nyembamba haziwezi kuifunika nzito kwa kiwango hichohicho. Ndiyo maana kando ya lori unasikia kabisa kwamba mtu anaongea, unasikia hata kwamba anakuita wewe, lakini hujui amesema nini.

Kiswahili kina udhaifu wake wa pekee hapa, na sijui kama tumewahi kuutazama kwa jicho hili. Mkazo wa maneno yetu unakaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho: ni-ta-LI-pa. Ukanushi unakaa mwanzoni kabisa, mahali pasipo na mkazo: si-ta-LI-pa. Tofauti nzima kati ya ahadi na kukataa imebebwa na N moja au S moja iliyotamkwa kwa haraka. Vivyo hivyo "ha" ya hataki, hajui, hawaji ni pumzi tupu. Ikipeperuka, linabaki "ataki", na msikilizaji anabahatisha. Hata vitenzi vya kila siku vimebanana: amefika, amepika, amepiga. Watu wakiwa sebuleni hawasumbuki, kwa sababu muktadha unasaidia. Kwenye bei, namba za simu na ahadi za malipo hakuna muktadha wa kukuokoa. Sitini na tisini zote ni bei halali za kitu.

Simu inazidisha tatizo. Simu ya sauti ya kawaida ilijengwa kupitisha mitetemo kati ya 300 na 3,400 kwa sekunde, kwa hiyo sehemu kubwa ya S imeshakatwa kabla haijafika kwako. Mtu aliyeko stendi akimpigia mtu aliyeko shambani kumtajia bei, S imekatwa mara mbili: na kelele upande mmoja, na mtambo katikati. Mawakala wa fedha waliojifunza kwa hasara hawataji tena kiasi kwa neno moja. Wanasema "tisini, tisa na sifuri", kisha wanamtaka mteja arudie, au wanaandika kwenye kikokotoo cha simu na kumgeuzia kioo. Wanaouza jumla sokoni nao wanafanya hivyo. Dharau haimo humo. Ni njia rahisi kuliko zote ya kukwepa sikio.

Sasa sauti. Mwaka 1911 daktari Mfaransa Étienne Lombard alichapisha alichokuwa amekiona kwa wagonjwa wake. Mpe mtu maandishi asome kwa sauti, kisha mpelekee kelele masikioni. Sauti yake inapanda palepale. Ikatishe kelele, inashuka. Mwenyewe hana habari. Kupandisha sauti kwenye kelele ni kama kufumba jicho vumbi likija: mwili unafanya bila kuuliza. Na haupandishi nguvu tu. Sauti inakuwa nyembamba zaidi, irabu zinavutwa, uso unakaza. Sasa niambie mtu aliyekasirika anaongeaje. Anaongea hivyohivyo.

Bahati mbaya, juhudi yote hiyo haitoshi. Kelele ikiongezeka desibeli 10, sauti ya binadamu kwa kawaida inapanda kwa nusu ya hapo au chini yake, kwa hiyo kila hatua kelele inazidi kukutangulia. Na ukiamua kupiga kelele kabisa ili kuishinda, unavimbisha irabu na kuziacha konsonanti palepale zilipokuwa. Unapata "i-i-ni" kubwa zaidi. Wapiga debe waliobobea wanalijua hili bila kusomeshwa na mtu; msikilize anayeita abiria wa Tunduma au Makambako, hapigi kelele tu, anakata silabi moja moja na kuiachia nafasi kila moja: Tu. Ndu. Ma.

Mtu atasema: mbona wazee wa Rungwe wanaitana kutoka kilima hiki hadi kile na hawagombani? Tupige hesabu. Sauti ikiwa nje, mahali pa wazi, hupungua desibeli 6 kila umbali unapoongezeka mara mbili. Mwito mkali wa desibeli 90 kwa mita 1 unabaki na desibeli 42 ukifika mita 256. Jioni tulivu ya kijijini, ambapo kilichopo ni upepo na nyenje, inaweza kuwa desibeli 30 au pungufu, kwa hiyo mwito unafika ukiwa na akiba. Tena kinachoitwa ni jina linalojulikana, limevutwa irabu, na baada ya kuitikiwa mtu anashuka, anasogea, ndipo maneno yenyewe yanaanza. "Ugonile" ya Kinyakyusa na "kamwene" ya Kihehe na Kibena husemwa watu wakiwa karibu, kwa sauti ya chini, na maamkizi yanachukua muda wake. Shikamoo hali kadhalika. Shikamoo iliyopigwa kwa ukelele kuvuka barabara kuu, lori likipita katikati, inafika ikiwa imepoteza kitu. Mzee anaitikia kwa mkono, na kijana anaondoka hajui kama amepokewa.

Hesabu hiyohiyo ya desibeli 6 ndiyo dawa ya bei rahisi kuliko zote. Ukisogea kutoka mita 4 hadi mita 1 umejiongezea desibeli 12 bure, na konsonanti zako zimepanda pamoja na irabu, kitu ambacho ukelele hauwezi. Jambo la pili ni uso. Mwaka 1954 watafiti wa Marekani, Sumby na Pollack, walionyesha kwamba kumwona msemaji usoni, hasa kelele ikiwa kubwa, kunasaidia kuelewa kama vile kelele yenyewe imepunguzwa sana. F inaonekana kwenye mdomo wa chini, P, B na M zinafunga midomo kabisa. Anayekuelekeza njia huku amekupa kisogo, au anayeongea akiwa na jua nyuma yake, amekunyima nusu ya maneno. Na kama hukusikia, usiseme "nini?" Taja ulichosikia: "Umesema gunia kwa ngapi?" Mwenzako atarudia kipande kimoja badala ya kuanza sentensi yote upya kwa sauti ya juu zaidi.

Hapo ni maneno. Lakini kelele ina njia nyingine ya kuingia moyoni isiyopita kwenye maneno, na hapa ukubwa wa sauti unaeleza kidogo kuliko watu wanavyodhani. Mvua ya Tukuyu juu ya bati ndiyo mfano mzuri. Ukiwa umelala, blanketi limekuzunguka, sauti ile ni tamu. Mvua hiyohiyo ikipiga bati lisilo na dari juu ya darasa la saa tano asubuhi, mwalimu anaweka chaki chini. Bati halikubadilika, na desibeli huenda ni zilezile. Kilichobadilika ni vitu vitatu: kama sauti inatabirika, kama una uwezo nayo, na kama kuna neno inalokuzuia kulisikia.

Wanasaikolojia wa Marekani David Glass na Jerome Singer walilipima hili kwenye kazi waliyoichapisha mwaka 1972. Waliwapa watu kazi huku kelele kali ikipigwa. Waliosikia kelele isiyo na mpangilio walifanya kazi vizuri tu wakati ule, lakini baadaye, kukiwa kimya, walikata tamaa haraka kwenye mafumbo magumu na walifanya makosa mengi waliposahihisha maandishi. Kundi jingine lilipewa kitufe: ukizidiwa, bonyeza, kelele itakoma, ila tungependa usibonyeze. Wengi hawakukibonyeza. Walisikia kelele ileile, kwa muda uleule, na madhara yake kwao yalikuwa madogo mno. Kujua tu kwamba kitufe kipo kulitosha.

Mwenye mashine ya kusaga iliyo katikati ya makazi asome aya hiyo mara mbili. Mashine ya nyundo za kusagia, mita chache kutoka mlangoni, mara nyingi iko kati ya desibeli 90 na 100, na hawezi kuishusha sana bila gharama. Kitufe, hata hivyo, anaweza kuwapa majirani: saa ya kuwasha na saa ya kuzima zimeandikwa ukutani na zinafuatwa, na namba ya simu ya mtu atakayepokea kama nyumba ya pili kuna msiba au mgonjwa. Kwa maoni yangu tangazo hilo lina thamani kuliko desibeli 3 za ukuta mpya. Vilevile sherehe. Jirani aliyepitiwa juzi na kuambiwa "Jumamosi tuna send-off, tutazima saa sita" anasikia muziki uleule kwa masikio tofauti kabisa na yule aliyeshtukizwa. Ila saa sita ikifika, zima; ahadi iliyovunjwa inaudhi kuliko kama isingetolewa.

Kelele pia inafanya watu wasionane. Mwaka 1975 Mathews na Canon walichapisha jaribio la mtu anayedondosha vitabu njiani, mkono wake ukiwa umefungwa plasta. Mtaa ukiwa kimya, asilimia 80 ya wapita njia walimsaidia. Mashine ya kukatia nyasi ilipokuwa inanguruma pembeni, waliomsaidia walikuwa asilimia 15. Maelezo yanayoaminika zaidi ni kwamba kelele inabana umakini; mtu anatazama mbele, anataka kupita, plasta haioni. Mama anayehangaika na mtoto mgongoni na ndoo mbili stendi, watu wakimpita kama jiwe, huenda hajaangukia mji wenye roho mbaya.

Usiku una fizikia yake, na Mbeya ina usiku wa namna yake. Jiji liko mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, limezungukwa na milima, Loleza ikiwa kaskazini. Mchana jua linapasha ardhi, hewa ya chini inakuwa ya moto kuliko ya juu, na sauti inayosafiri inapinda kuelekea angani. Usiku wa Juni na Julai mambo yanageuka. Hewa baridi inateremka milimani na kutuama bondeni, ya juu yake inabaki na joto kidogo, na sauti iliyokuwa ikipotelea juu inapindishwa kurudi chini. Muziki wa baa ambao saa kumi jioni haufiki mtaa wa pili unasikika saa tano usiku kilomita 2 mbali, mpaka besi inahesabika. Jirani anapiga simu: mmeongeza sauti. Mwenye baa anaapa kwamba hajagusa kitu. Wote wawili wanasema kweli, na wote wawili wanaitana waongo.

Basi, mwenye baa ambaye hajaongeza anapaswa kupunguza, kwa sababu usiku unamwongezea. Na aanze na besi. Mtetemo wa 100 kwa sekunde una wimbi la urefu wa mita 3.4, pazia, zulia na trei za mayai ukutani haviugusi. (Trei za mayai ni imani iliyokataa kufa. Zinameza kidogo zile sauti nyembamba, hazizuii chochote kutoka nje, na zinashika moto haraka.) Spika zishushwe zielekee watu walio ukumbini, zigeuzwe ziwape kisogo makazi, na sabufa itoke kwenye kona, maana kona inakuza besi.

Kwa anayetaka kulala, kosa kubwa liko juu ya ukuta. Ukuta wa tofali za kuchoma uliopigwa lipu ni kinga nzuri sana. Tatizo ni ule mwanya unaoachwa kati ya ukuta na bati. Sauti ni kama maji, inapita penye tundu. Kama matundu ni asilimia 1 tu ya eneo la ukuta, basi hata ukuta uwe mnene vipi hautapunguza zaidi ya desibeli 20 hivi. Kuziba mwanya huo kwa tofali na udongo, au kuweka dari na kuziba kingo zake, kunafanya kazi kuliko kununua mapazia mazito. Kama chumba kina jiko la mkaa, hata hivyo, usizibe chochote mpaka jiko limetoka nje. Gesi ya mkaa unaowaka inaua, hata pasipo moshi. Shirika la Afya Duniani limependekeza chumba cha kulala kisizidi desibeli 30, na nje ya nyumba usiku mwongozo wake wa mwaka 2009, uliotungwa kwa ajili ya Ulaya, unasema 40. Mwili unaisikia kelele hata usipoamka: mapigo ya moyo yanapanda lori linaposhuka Iwambi kwa breki ya injini, nawe asubuhi unasema ulilala vizuri, ila mtoto amemwaga chai na umemfokea kwa kosa la shilingi mia mbili.

Sheria ipo. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 na kanuni zake za kelele na mitetemo za mwaka 2015 zinaweka viwango vya mchana na usiku, na NEMC, chombo cha taifa cha kusimamia mazingira, ina ofisi ya kanda Mbeya. Anayelalamika na rekodi husikilizwa kuliko anayelalamika na hasira. Programu ya simu ya kupima sauti si kipimo cha mahakamani, inaweza kukosea desibeli kadhaa, lakini inatosha kulinganisha. Simama mita 1.5 au zaidi kutoka ukutani, shika simu usawa wa sikio, pima dakika 5, andika wastani badala ya kilele, na rudia saa zilezile kwa siku nne au tano.

Vipaza sauti vinahitaji neno la peke yake. Kile kispika cha pembe cha muuza sumu ya panya kinachorudia sentensi moja mtaa mzima kinakera kwa sababu mbili. Kinabeba maneno, na ubongo hauwezi kuacha kusikiliza maneno. Pili, kimezidiwa. Spika ikilazimishwa kupita uwezo wake, mawimbi yanakatwa vichwa na sauti inakuwa ya kukwaruza. Utafiti wa Luc Arnal na wenzake wa mwaka 2015 ulionyesha kwamba ukwaruzo wa namna fulani, sauti inapopanda na kushuka kati ya mara 30 na 150 kwa sekunde, ndio unaotofautisha yowe la hatari na sauti nyingine, na kwamba ukwaruzo huo unaamsha sehemu ya ubongo inayoshughulika na woga. Spika mbovu inakaribia eneo hilo. Fundi mitambo akiona taa nyekundu kwenye mikisa inawaka mfululizo, anachowapelekea watu ni wasiwasi, hata kama mahubiri yanahusu amani.

Kosa jingine la mitambo ni umbali. Sauti inachukua sekunde 0.05 kusafiri mita 17, na mwangwi unaochelewa zaidi ya hapo sikio linaanza kuusikia kama sauti ya pili. Spika mbili zilizoachana mita 40 uwanjani, zote zikipiga sawa, zinawapa waliokaa karibu na moja kila neno mara mbili. Suluhisho la fundi asiye na kifaa cha kuchelewesha sauti ni kuziweka zote mbili mbele, kuziinua mita 2.5 hadi 3, kuziinamisha kidogo kuelekea watu wa nyuma, kisha kushusha sauti.

Na msibani? Siku hizi mitambo inakodiwa pamoja na viti na maturubai, na nyimbo za injili zinapigwa usiku kucha kwa nguvu ya harusi. Najua nia ni njema, nyumba isipooze. Lakini maneno ya pole husemwa kwa sauti ya chini kwa sababu sauti ya chini ndiyo inayobeba upole. Ipandishe ishinde spika na "pole sana, dada" inatoka kama amri. Wafiwa wanakaa kimya kwa kuwa hakuna anayeweza kuwafikia. Muziki ukishushwa hadi watu waliokaa mkeka mmoja waongee bila kuinamiana masikioni, nyumba haitapooza.

Darasani mambo yanapimika zaidi. Chumba cha mita 9 kwa 7, kimo cha mita 3, sakafu ya saruji, kuta za lipu, bati juu. Kwa kanuni ya Wallace Sabine, profesa wa Harvard aliyekuwa akihamisha mito ya viti vya ukumbi usiku wa manane kupima jinsi inavyomeza sauti, unazidisha ujazo wa chumba kwa 0.16 na kugawa kwa uwezo wa vilivyomo kumeza sauti. Chumba hicho kikiwa kitupu, madirisha yamefungwa, sauti inadumu karibu sekunde 4 kabla ya kufifia. Wakiingia wanafunzi 45, inashuka hadi sekunde 1.2. Fungua madirisha, inakuwa chini kidogo ya 0.9. Inayotakiwa ni 0.6. Silabi za Kiswahili ni fupi. Mwangwi wa sekunde nzima unaifanya silabi iliyopita imwagikie inayofuata, na wa dawati la nyuma anasikia uji. (Wanafunzi 90 wangemeza sauti zaidi. Wangeitoa pia.)

Dari ndilo jibu, lakini aina ya dari ni muhimu. Jipsamu laini inapunguza mlio wa mvua kwa uzito wake, ila sauti ya mwalimu inairudisha chini karibu yote. Zile bodi laini za nyuzi za mbao zinazomeza nusu ya sauti inayozifikia zingeshusha chumba chetu mpaka chini ya sekunde 0.6, bora zisipigwe rangi nzito ya mafuta inayoziba vitundu. Kama fedha hazipo, pigilia upya misumari ya bati iliyolegea, maana bati la geji 30 linalocheza linalia mara mbili. Na mvua ikianza, mwalimu asishindane nayo. Ahamishie kazi ubaoni na kwenye daftari, awaite wa nyuma waje mbele. Koo la mwalimu ni chombo cha kazi, na anayelitumia kupigana na mvua anamaliza siku akiwa na sauti ya ukali ambayo watoto wanaikumbuka kuliko somo.

Kwa wanaodhani watoto huzoea: mwaka 1975 Bronzaft na McCarthy walichapisha matokeo ya shule ya New York iliyo kando ya reli ya juu. Watoto wa madarasa ya upande wa treni walikuwa nyuma kwa kusoma kuliko wenzao wa upande wa pili wa jengo lilelile. Baada ya reli kuwekewa mipira na madarasa kuwekewa dari ya kumeza sauti, tofauti ilitoweka. Shule zetu zilizojengwa kando ya barabara kuu ya Tunduma zinaweza kuanza na jambo lisilo na gharama: madarasa ya kwanza na ya pili, wanaojifunza kutofautisha "pa" na "fa", wahamie upande ulio mbali na malori, na stoo na ofisi ziwe upande wa barabara.

Kuna watu ambao kelele wanarudi nayo nyumbani. Mafinga na vitongoji vyake kuna misumeno ya mbao inayozidi desibeli 95 mchana kutwa. Kiwango kinachotumiwa na wataalamu wengi wa afya kazini ni desibeli 85 kwa saa 8, na kila desibeli 3 zinazoongezeka zinakata muda nusu: 88 saa 4, 91 saa 2, 94 saa 1. Kipimo cha bila chombo ni hiki: kama unalazimika kupandisha sauti kuongea na mtu aliye umbali wa mkono mmoja, umeshafika 85. Baada ya zamu masikio yanakuwa mazito kwa saa kadhaa, pengine hadi kesho yake, na yanavuma. Miaka ikipita uzito unabaki, na unaanzia kwenye mitetemo 3,000 hadi 6,000, kwenye nyumba ya S, F, CH na SH.

Mtoto wa miaka mitano ana sauti nyembamba na neno lake la kwanza baba akiingia linaanza na SH. Baba haisikii. Anapita, anaongeza sauti ya redio, anakaa. Mtoto anaona amekataliwa, mama anaona mume amekuja na hasira za kazini, baba anaona nyumba haina adabu, watoto hawaamkii. Kabla ya kuitisha kikao cha ukoo, mpelekeni akapimwe masikio.

Na anayebaki kwenye msumeno ajue haya. Pamba haizuii kitu cha maana. Kizibo cha sponji kinasokotwa kwa vidole vikavu na safi mpaka kiwe chembamba, sikio linavutwa juu na nyuma kwa mkono wa pili, kinaingizwa na kushikiliwa sekunde 30 kivimbe kikiwa ndani. Kikichungulia nje nusu nzima, hakijaingia. Kisha kisitolewe. Anayevaa kinga ya desibeli 30 lakini akaivua dakika 30 tu katika zamu ya saa 8, ili apige soga huku msumeno ukinguruma, jumla ya alichokinga kwa siku nzima ni desibeli 12. Soga ihamie nje, upande wa pili wa rundo la mbao, mashine ikiwa imezimwa.